Maji ya Bibi Michi

Ijumaa iliyopita nilirudisha beji yangu na ufunguo wa stoo ya taulo. Wakanikatia keki yenye sukari ya kutosha kumlaza mtu hospitalini, na nyinyi vijana wa zamu ya asubuhi mkanizunguka: "Auntie Kemunto, usituache hivi hivi. Andika kitu." Haya, nimeandika. Asiyependa maneno mengi na arukie mwisho, nami nitamjua, maana ndiye yule yule anayekunja shuka nusu nusu.

Sitawaambia habari za mshahara, hizo mnazijua na zinatuuma sote. Vyeo pia sitavitaja. Nilianza nikiwa msaidizi wa wauguzi na nimemaliza nikiwa msaidizi wa wauguzi, kwa hiyo hapo pia hakuna hadithi. Kazi yangu ilikuwa kuosha wazee. Niliwaosha vizuri, na sioni aibu kujisifu kwa hilo.

Nilianza mwezi wa theluji, katika nyumba ya wazee hapa Marekani, huko Inver Grove Heights, pale ambapo ukisimama dirishani unauona mto Mississippi umeganda. Nilikuwa naishi Crystal, upande wa pili wa mji wa Minneapolis, na gari langu lilikuwa na hita iliyofanya kazi ikipenda. Siku ya kwanza nikapewa mzee mmoja, mkulima mstaafu mwenye mabega kama mlango, nimwogeshe. Sasa, mimi ni Mkisii. Kwetu mwanamke hamtazami uchi mzee wa rika la baba yake, hata mazungumzo yenyewe ni aibu. Nikafumba macho. Haki ya Mungu, nilimwosha yule mzee nimefumba macho, napapasa tu, mpaka nikampaka povu kwenye kifaa chake cha kusikilizia. Alipiga kelele korido nzima ikasikia, isipokuwa yeye mwenyewe.

Aliyeniokoa ni Mama Furaha. Alikuwa Mkongomani wa Bukavu, mfupi, mikono mipana, na alikuwa pale kabla ya sisi sote. Sisi Wakenya tulikuwa tunakicheka Kiswahili chake, naye alikuwa anakicheka chetu zaidi. Alinivuta kando akaniambia, "Bon. Ukifunga macho utaumiza mutu. Mufunike na taulo. Unafungua fasi yenye unaosha, ingine inabakia imefunikwa. Haya yako inabakia, na yake inabakia." Basi. Mwalimu wa chuo alinifundisha wiki nyingi na hakuniambia hilo.

Kwa hiyo sikilizeni kuhusu taulo. Chukua nne, hata wakikuambia mbili zinatosha. Moja ya mabega, moja ya mapajani, moja ya kukaushia, na moja iwe imepashwa joto, imngoje mzee atokapo majini. Maji yapime kwa kipimajoto kisha yapime tena kwa kiwiko chako, kwa sababu kipimajoto hakina ngozi. Mkanda wa kumwinulia mgonjwa ufunge kiunoni mwake kabla hujamwambia "tusimame", si baada ya yeye kuanza kuanguka. Na viatu vyako visiwe vya urembo. Nimewaona.

Basi, miaka ikapita, Mama Furaha akazeeka akawa anafanya kazi siku tatu tu kwa wiki, na ndipo akaletwa Bibi Michi.

Jina lake kamili lilikuwa Michiko. Alikuwa Mmarekani mwenye asili ya Kijapani, ameshapita miaka tisini, mwembamba, nywele nyeupe zimechanwa vizuri, na shati limefungwa vifungo mpaka shingoni. Alikuwa anasahau. Asubuhi angekuuliza jina lako mara tatu, lakini akikushinda karata alikumbuka mpaka jioni. Binti yake aliitwa Joyce, mwanamke wa karibu miaka sabini aliyekuja kila Jumatano na Jumapili akiendesha gari kutoka Eden Prairie. Joyce alikuwa mtaratibu, anaongea polepole, na alimpenda mama yake sana.

Bibi Michi hakuwa na shida mezani. Hakuwa na shida kitandani. Shida ilikuwa bafuni. Ukimpeleka kwenye shawa anashika fremu ya mlango kwa vidole vyote kumi. Ukimweka kwenye bafu kubwa la kulala, lile lenye kiti cha mtambo kinachomshusha mtu majini, anarusha maji, anakuparura, anaanza kupiga kelele kwa Kijapani. Na hilo ndilo lililotushangaza, kwa sababu mahali pengine popote alikuwa anaongea Kiingereza safi kama mtangazaji wa redio. Joyce mwenyewe aliapa hajawahi kumsikia mama yake akisema sentensi moja ya Kijapani tangu azaliwe.

Kwenye faili yake wenzangu waliandika: anakataa huduma, anapiga, anaropoka. Mkiandika maneno kama hayo muwe mnajua yanakokwenda. Yalikwenda kwa Linda, muuguzi mkuu. Linda hakuwa mtu mbaya, alikuwa mtu wa karatasi tu, na karatasi zilimwambia jambo moja. Akaniita.

"Kemunto, nimeshaongea na daktari. Tukishindwa mwezi huu, atakuwa anapewa dawa ya kumtuliza kabla ya kila kuoga, na atahamia ghorofa ya tatu."

Ghorofa ya tatu ilikuwa na mlango wa namba za siri. Tangu nianze kazi pale sikumwona hata mzee mmoja aliyepanda kule akarudi chini. Bibi Michi angepoteza dirisha lake, karata zake, na meza yake ya chakula pamoja na wale wazee wawili aliokuwa anawaibia biskuti. Na ile dawa nilikuwa naijua. Ingemfanya akae kitini mdomo wazi mpaka Jumapili. Nilisikia hasira ikinipanda mpaka masikioni, na sikujua nimkasirikie nani.

Nikamwendea Mama Furaha chumba cha chai. Nikamwambia kila nimuulizapo Bibi Michi kwa nini anakataa kuoga ananijibu kwamba yeye hakatai, sisi ndio wachafu.

Mama Furaha akatafuna mandazi yake mpaka yakaisha. "Weye unamuuliza swali ya polisi," akasema. "Usimuulize juu ya nini anakataa. Umuulize kwabo balikuwa banaoga namna gani."

Aibu ilinishika. Miaka yote ile ya kazi, na swali lenyewe lilikuwa jepesi hivyo.

Siku hiyo hiyo mchana nikakaa na Bibi Michi dirishani, nikampa karata, nikamwacha anishinde, kisha nikauliza, "Bibi, ulipokuwa msichana nyumbani kwenu, mlikuwa mnaoga vipi?"

Akaweka karata chini. Jamani, uso ule ulibadilika kama mtu aliyefunguliwa dirisha. Nilimwonea wivu mtu yeyote aliyewahi kumsikiliza kabla yangu, halafu nikagundua pengine hakuna.

Baba yake alikuwa na duka la dobi katika mji mmoja wa pwani ya magharibi, kabla ya vita. Alikuwa mtu wa mambo ya kisasa. Alivaa kofia na tai hata akipiga pasi. Alinunua gramafoni, akanunua gari kuukuu, akawapeleka watoto kanisani Jumapili asubuhi. Lakini Jumapili hiyo hiyo jioni mama yao alifukiza ubani mbele ya picha ya bibi yao marehemu, na baba mwenyewe ndiye aliyeinama wa kwanza. Michiko alijifunza piano siku za wiki, na Jumamosi akajifunza kucheza ngoma ya Kijapani kwa upepeo wa karatasi. Siku moja mama yake alikata nywele fupi kama wanawake wa magazetini. Baba akakaa siku mbili bila kusema neno, na siku ya tatu akasema zinampendeza.

Vita yao kubwa ilikuwa bafu. Nyumba waliyopanga nyuma ya duka ilikuwa na bafu jeupe la kizungu, linang'aa, na baba alikuwa akiwaonyesha wageni kama mtu anayeonyesha ng'ombe wa mahari. Mama akakataa katakata. "Mtu anakaaje ndani ya uchafu wake mwenyewe?" alisema. Akasimamia mpaka pakajengwa bafu la mbao uani, lenye moto chini yake. Baba akasema sawa, ogeni huko nyinyi watu wa kale, mimi nitaoga kama Mmarekani. Akaoga kama Mmarekani majira mawili mazima. Kisha jioni moja ya baridi Michiko akatoka uani akamkuta baba yake amejificha ndani ya maji ya mbao mpaka kidevuni, kitambaa kichwani, amefumba macho kwa raha.

"Akaniambia nisimwambie mama," Bibi Michi alisema, akicheka mpaka machozi. "Nikamwambia mara moja."

Tangu siku hiyo bafu jeupe lilitumika kuloweka mchele wa kutwangia keki za mwaka mpya. Na baba, ili asiaibike kabisa, akaweka sheria ya nyumba: mezani Kiingereza na uma, bafuni Kijapani. Hapo kila mtu akapata chake. Nilipofika nyumbani nilijaribu sheria hiyo kwa wanangu, jikoni Kiswahili tupu. Ilidumu siku tatu, kisha wakaanza kula vyumbani.

Bibi Michi akanieleza desturi yenyewe, akihesabu kwa vidole. Kwanza unakaa kwenye kigoda nje ya maji. Unajisugua kwa sabuni, unajimwagia kwa ndoo ndogo, povu lote liishe. Ndipo unaingia, ukiwa safi, na maji ni ya moto na hayana sabuni. Huogi humo. Unakaa tu. Kisha vita ikaja, serikali ikawachukua wao pamoja na Wajapani wenzao wote wa mji ule, ikawafungia kambini, na huko kulikuwa na shawa za mstari mmoja bila pazia. Baada ya vita yeye na mumewe wakaja kuanza upya hapa Minneapolis, wakaamua watoto wao wawe Wamarekani, mambo mengine yaishe. "Yakaisha," akasema, akachukua karata zake.

Basi mimi nikajiona nimeshapata jibu, nikatembea korido kifua mbele. Kesho yake nikaandaa kila kitu. Nikamkalisha kwenye kiti cha plastiki kando ya bafu, taulo mabegani na mapajani kama nilivyofundishwa, nikampa kitambaa cha sabuni ajisugue mwenyewe, nikamsugua mgongo, nikammwagia maji kwa jagi mpaka povu likaisha. Hakushika mlango. Hakuniparura. Nikamfunga mkanda wa kile kiti cha mtambo, kikamshusha kwenye maji masafi, akashusha pumzi ndefu. Akaongea Kijapani, taratibu, na safari hii nilijua haropoki. Nikakaribia kuimba.

Kisha nikafanya kile ambacho mikono yangu ilikuwa imefanya maelfu ya mara. Wakati bado amekaa majini, nikang'oa kizibo, maji yaanze kuisha huku nachukua taulo. Sote tunafanya hivyo, inaokoa dakika.

Bibi Michi alipoona maji yanashuka alipiga ukelele ambao sijausahau. Akanirukia akiwa bado kwenye mkanda wa kiti, akaniparura shavu, miwani yangu ikavunjika mguu. Wenzangu wawili wakaingia mbio. Jioni Linda akaniangalia shavu akasema, "Basi, Kemunto. Imetosha. Jumatano Joyce anakuja kutia sahihi."

Nililia ndani ya gari, siwafichi. Halafu nikafuta uso nikarudi ndani kwa sababu shifti ilikuwa haijaisha.

Nikamkuta Bibi Michi kitandani ametulia, anaangalia shavu langu. "Nani amekuumiza?" akauliza.

"Niliteleza, Bibi. Niambie kitu kimoja. Kwenu mtu akimaliza kuoga, maji yanafanywa nini?"

Akanitazama kama mtu anayemtazama mjinga anayempenda. "Yanafunikwa yasipoe. Baba anaingia kwanza, halafu kaka zangu wawili, halafu mimi, halafu mdogo wangu, na mama mwisho. Maji ni ya wote. Ukiyamwaga, mama yako ataoga nini? Amesimama kazini tangu alfajiri."

Loo! Kumbe yule mwanamke hakuwa anapigania mwili wake hata kidogo. Alikuwa anapigania maji ya mama yake, na mimi nilikuwa nimeyamwaga mbele ya macho yake. Nilimshika mkono nikamwomba msamaha. Hakujua ni wa nini, lakini akanisamehe.

Jumatano nikaingia mkutanoni bila kuitwa. Linda alikuwa na fomu mezani, Joyce ameshika kalamu, macho mekundu. Nikasema, "Naomba mara moja tu. Leo. Na nyinyi wawili msimame mlangoni muone." Linda akaanza kusema habari ya shavu langu. Nikamwambia shavu ni langu na kosa lilikuwa langu. Maji ukishayavulia nguo huna budi kuyaoga.

Joyce akaweka kalamu chini. "Mara moja," akasema.

Nikafanya kama juzi, hatua kwa hatua, bila haraka. Kigoda, sabuni, jagi. Kabla kiti hakijamshusha, Bibi Michi akageuka kuniuliza, "Nani ameshaingia?"

"Hakuna, Bibi. Wewe ndiye wa kwanza leo."

"Mimi? Wa kwanza?" Alikaa akilifikiria. Maisha yake yote ya utotoni alikuwa wa nne. Kisha akainua kidevu kama mwenye nyumba. "Haya, nishushe."

Akaingia. Nikamkunjia kitambaa kidogo nikamwekea kichwani kama baba yake. Akafumba macho, akaanza kuongea Kijapani, sentensi ndefu, moja baada ya nyingine, na mara kwa mara akicheka. Pale mlangoni Joyce alikuwa ameziba mdomo kwa mikono miwili. Linda alikuwa anaangalia saa ya ukutani, kisha akaacha kuiangalia.

Alipotosheka nikamwinua. Kizibo sikukigusa. Nikamfunga taulo ya moto, nikamvalisha, nikamkalisha kwenye kiti chake cha magurudumu, na mbele ya macho yake nikachukua shuka kubwa safi nikafunika bafu, upande huu mpaka upande ule. Aliangalia kazi yangu akatikisa kichwa kukubali. Hakuna aliyepigwa. Hakuna aliyeparurwa. Nilitaka kupiga vigelegele pale pale, nikajizuia kwa sababu ya wagonjwa wa moyo.

Nikaanza kumsukuma kwenda nje, lakini alipofika mlangoni akaegesha mguu kwenye fremu, kiti kikasimama. Akamtazama binti yake kutoka juu mpaka chini.

"Joyce, mbona umesimama na viatu? Maji yanapoa. Zamu yako."

Joyce akamwangalia Linda. Mimi nikamwangalia Linda. Kuna kanuni kuhusu maji yale, nyinyi mnaijua, nami niliifundisha wengi wenu.

Linda akavuta pumzi. "Kanuni inasema mkazi mwingine asitumie maji ya mkazi," akasema. "Joyce si mkazi." Kisha akaitoa ile fomu mfukoni, akaichana vipande vinne, akavitupa kwenye pipa la glavu.

Joyce akavua viatu. Akavua soksi. Mwanamke wa Eden Prairie mwenye miaka karibu sabini akakunja suruali yake nzuri mpaka magotini, nikamsugulia miguu kwa sabuni nje ya maji kama inavyotakiwa, nikaimwagia, nikafunua shuka kidogo, akakaa ukingoni akatumbukiza miguu.

"Mama, yana moto!"

"Bila shaka yana moto. Hutoki mpaka uhesabu mia. Sisi tulihesabu." Na Bibi Michi akaanza kumpa namba, moja moja, kwa Kijapani, akingoja kila moja irudishwe.

Joyce alirudia huku machozi yanamwanguka majini. Alikosea. Akarekebishwa. Akakosea tena. Chakula cha mchana kilikuja kikapoa nje ya mlango, na hakuna hata mmoja wetu aliyethubutu kuondoka, kwa sababu Joyce alikuwa amefika thelathini na tisa, akateleza, na mama yake akamrudisha kwenye moja.